Magazini Moja Ina Risasi Ngapi? Sheria za Silaha na Maisha Yetu ya Kalemie

Katika toleo hili tunaeleza jambo ambalo wengi hulisikia redioni bila kufafanuliwa: sheria zinazoweka kikomo cha risasi ambazo bunduki ya raia inaweza kubeba kwa mara moja. Sheria hizo nyingi zimetungwa katika nchi za mbali, hasa katika majimbo ya Marekani. Lakini swali lililozizaa ni letu pia, sisi tulio katika jimbo la Tanganyika. Ni kitu gani kinachofanya hasira ya mtu mmoja, au ya kikundi kidogo, iue watu wengi kabla hata hawajapata nafasi ya kukimbia?

Tutaeleza kwanza magazini ni nini, halafu sheria za nchi nyingine, kisha sheria ya nchi yetu, na mwisho yale ambayo familia na kiongozi wanaweza kufanya.

MAGAZINI NI NINI?

Magazini ni kile kisanduku kinachochomekwa chini ya bunduki, ambamo risasi hupangwa zikisukumwa na springi. Wengi huku kwetu hukiita shajeri, kwa kufuata Kifaransa. Mwenye upinde hubeba mishale katika podo. Magazini ni podo la bunduki. Tofauti ni kwamba mwenye upinde lazima achomoe mshale mmoja, auweke, avute, alenge, ndipo aachie. Magazini hupeleka risasi inayofuata mahali pake yenyewe, mara tu ile ya kwanza inapotoka.

Tufikirie silaha tatu zinazojulikana hapa. Ya kwanza ni gobore, bunduki ya kienyeji inayoshindiliwa baruti kwa mdomo. Hupiga mara moja tu, halafu mwenyewe husimama na kushindilia upya. Ya pili ni bunduki ya mwindaji ya kalibre 12 yenye mitutu miwili. Hupiga mara mbili, kisha hufunguliwa na kutiwa risasi nyingine. Ya tatu ni Kalashnikov. Magazini yake ya kawaida hubeba risasi 30. Ikiwekwa kwenye kupiga mfululizo, mwendo wake ni kama risasi 600 kwa dakika. Ukipiga hesabu utaona kwamba magazini nzima yaweza kumalizika kwa sekunde 3. Ni muda usiotosha mama kumwinua mtoto aliyelala mkekani.

KWA NINI KUHESABU RISASI?

Wanaotetea sheria za kikomo hawasemi kwamba risasi 10 haziui. Wanasema hivi: magazini inapokwisha, anayepiga lazima aitoe na kuweka nyingine. Hapo panapatikana nafasi fupi. Katika nafasi hiyo mtu anaweza kukimbia, kujificha, au kumkamata anayepiga.

Mfano unaojulikana ni wa mji wa Tucson, katika jimbo la Arizona, Marekani. Tarehe 8 Januari 2011 kijana mmoja alishambulia mkutano wa mbunge Gabrielle Giffords na wananchi wake, mbele ya duka. Bastola yake ilikuwa na magazini ya risasi 33. Alipiga karibu risasi zote kwa muda mfupi sana. Watu 6 walikufa na wengine 13 walijeruhiwa kwa risasi, mbunge akiwa mmoja wao. Alipojaribu kuweka magazini nyingine, watu waliokuwa karibu walimwangusha, na mama mmoja akainyakua ile magazini. Walioisoma habari hiyo waliuliza: je, nafasi ile ingepatikana baada ya risasi ya 10 badala ya ya 33, ni wangapi wangekuwa hai?

Wanaozipinga sheria hizo nao wana hoja zao. Wanasema mtu anayejilinda nyumbani naye anahitaji risasi za kutosha, kwamba mwovu hafuati sheria, na kwamba aliyezoea hubadilisha magazini kwa sekunde chache. Mabishano hayo yamefika mahakamani mara nyingi, na bado yanaendelea.

MAREKANI: KILA JIMBO NA SHERIA YAKE

Kuanzia Septemba 1994 hadi Septemba 2004, Marekani ilikuwa na sheria ya taifa zima iliyokataza kutengeneza na kuuzia raia magazini mpya za zaidi ya risasi 10. Sheria ile ilipewa muda wa miaka 10. Muda ulipokwisha bunge halikuirudisha, na jambo likabaki mikononi mwa majimbo.

Leo zaidi ya majimbo 10 yana kikomo chake. Katika California, New York, Connecticut na New Jersey kikomo ni risasi 10. Colorado, tangu Julai 2013, ni 15. Vermont, tangu 2018, ni 10 kwa bunduki ndefu na 15 kwa bastola. Majimbo mengine mengi, kama Texas na Arizona, hayana kikomo hata kimoja. Ni kama vile Tanganyika ingekataza kitu ambacho Haut-Lomami inakiruhusu, na barabara kati yao haina kizuizi. Hapo ndipo penye udhaifu wa sheria ya jimbo moja: mtu hupanda gari, akanunua ng'ambo ya mpaka, akarudi nacho nyumbani.

Wenye ndugu waliopokelewa huko kama wakimbizi wawakumbushe jambo hili. Kitu kilicho halali kwa jamaa anayekaa Texas chaweza kuwa kosa kwa jamaa anayekaa Colorado. Ni vizuri kuuliza sheria ya mahali unapokaa kabla ya kununua au kupokea silaha yoyote.

Nchi nyingine zimeweka kikomo kwa taifa zima. Canada huruhusu risasi 5 kwa sehemu kubwa ya bunduki ndefu zinazojipakia zenyewe, na 10 kwa bastola. New Zealand ilijifunza kwa uchungu. Tarehe 15 Machi 2019 mtu mmoja aliua waumini 51 katika misikiti miwili ya mji wa Christchurch. Alikuwa na leseni ya kawaida. Sheria ya wakati ule ilipunguza risasi kwa leseni ya aina yake, lakini magazini kubwa zilinunuliwa bila kuonyesha leseni. Sheria ilikuwa na ufa, na mauaji yalipitia katika ufa huo. Mwezi uliofuata bunge lilikataza bunduki nyingi za aina hiyo pamoja na magazini zake kubwa.

KONGO: SHERIA HAIHESABU, INAKATAZA

Sasa turudi kwetu. Kuna anayeuliza: sheria ya Kongo inaruhusu raia kuwa na magazini ya risasi ngapi? Jibu ni kwamba nchi yetu imefuata njia nyingine. Kwa silaha ya vita sheria haimwambii raia "beba 10, usibeba 30". Inamwambia asiwe nayo kabisa.

Msingi wa sheria hiyo ni amri yenye nguvu ya sheria namba 85-035 ya tarehe 3 Septemba 1985, inayohusu silaha na risasi. Kwa mujibu wake, raia anayetaka silaha anayoweza kuruhusiwa, kama ile ya kuwindia, lazima awe na kibali cha serikali. Asiye na kibali ana kosa, hata kama hajamtisha mtu.

Mwaka 2002, tarehe 18 Novemba, zilitoka sheria mbili za kijeshi: moja ya mahakama za kijeshi na nyingine ya makosa ya kijeshi. Kupitia sheria hizo, raia anayekutwa na silaha ya vita au risasi zake anaweza kupelekwa mbele ya mahakama ya kijeshi, ijapokuwa hajawahi kuvaa sare. Tunaomba jambo hili lieleweke vizuri: risasi pekee, hata bila bunduki, zinatosha kumletea mtu mashtaka.

Halafu iko Katiba ya tarehe 18 Februari 2006. Kifungu chake cha 190 kinasema kwamba hakuna anayeruhusiwa kuunda jeshi la binafsi au wanamgambo, wala kutunza vijana wenye silaha. Kosa hilo linaitwa uhaini mkubwa. Kwa hiyo mzee wa kijiji anayechangisha pesa za kuwanunulia vijana risasi, hata akisema ni kwa ajili ya ulinzi, anacheza na kosa zito kuliko anavyodhani.

Majirani zetu nao wamekubaliana nasi. Tarehe 21 Aprili 2004, mjini Nairobi, nchi za Maziwa Makuu na Pembe ya Afrika zilitia sahihi Itifaki ya Nairobi juu ya silaha ndogo na nyepesi. Kongo, Tanzania, Burundi, Rwanda na Uganda zilikuwa miongoni mwao. Itifaki inazitaka nchi hizo zikataze raia kumiliki silaha nyepesi za vita, bunduki za rashasha, bunduki za otomatiki na hata zile za nusu-otomatiki, yaani zinazojipakia zenyewe na kupiga risasi moja kila kidole kinapovuta. Inataka pia silaha zote za raia ziandikwe katika daftari moja la taifa. Itifaki ilianza kufanya kazi Mei 2006, na ofisi inayoisimamia, RECSA, iko Nairobi.

Afrika ya Kati nayo ina Mkataba wa Kinshasa, uliopitishwa Aprili 2010 na kuanza kufanya kazi Machi 2017. Mkataba huu hausemi bunduki peke yake. Unataja pia risasi, na vipande vinavyoweza kutumika kutengeneza, kukarabati au kuunganisha silaha. Waliouandika walielewa kwamba bunduki bila risasi ni chuma na mti tu.

Tena, Umoja wa Mataifa ulianza kuzuia silaha kuingia mashariki mwa Kongo Julai 2003, na mwaka 2005 zuio likapanuliwa kwa nchi nzima. Tangu 2008 zuio hilo linayalenga makundi yenye silaha yasiyo ya serikali.

JE, SHERIA INATOSHA?

Tuseme ukweli. Karatasi zote hizi zilikuwapo, au karibu zote, na bado watu wetu walikimbia. Silaha huvuka ziwa usiku, hutoka kwa askari aliyetoroka, huachwa na vita vya zamani vilivyoanza 1996 na 1998.

Tena si kila mauaji yanahitaji bunduki. Tarehe 30 Aprili 2015 kambi ya Vumilia 1 huko Nyunzu, walimokuwa wamekimbilia Watwa, ilishambuliwa na wapiganaji wa Kiluba. Waliuawa watu wasiopungua 30, kwa mapanga, mishale na mashoka. Vijiji vya Waluba navyo vilichomwa na wapiganaji wa Kitwa, na familia za pande zote mbili zikakimbia. Mwaka 2016 ugomvi uliwaka tena, safari hii juu ya kodi ya viwavi. Mamia ya maelfu ya watu waliacha mashamba yao katika jimbo hili, na wengi walifika Kalemie wakiwa na sufuria na watoto tu.

Kwa hiyo hatuwezi kusema kwamba kuondoa magazini kunaleta amani peke yake. Ugomvi wetu una mizizi katika ardhi, kodi, dharau na kazi isiyolipwa. Sheria namba 22/030 ya tarehe 15 Julai 2022, inayolinda haki za watu asilia Pigmea, inagusa sehemu ya mizizi hiyo, na inafaa viongozi wote, wa Kibantu na wa Kitwa, waisome pamoja.

Lakini hatuwezi pia kusema kwamba silaha haina maana. Ugomvi wa mashoka hufika mpaka mkono unapofika. Wazee wana saa, pengine siku, ya kuingilia kati. Ugomvi uleule ukiwa na Kalashnikov 2 humalizika kabla mzee hajavaa viatu. Hiyo ndiyo faida ya kupunguza risasi: inarudisha ile nafasi ya watu kukimbia na wazee kusema.

NANI AANZE KUWEKA CHINI?

Hili ndilo swali gumu kuliko yote. Kila upande husema: "Tukitoa zetu, wale watatuvamia kesho." Hofu hiyo haitokani na ujinga. Imetokana na yaliyotokea. Kumwambia mtu "toa silaha" bila kumjibu hofu yake ni kumtukana.

Katikati ya miaka ya 2000, wakati Tanganyika ilikuwa bado sehemu ya Katanga, mchungaji Daniel Ngoy Mulunda na shirika lake PAREC walikusanya silaha kwa kubadilishana na baiskeli. Anayeleta bunduki alipewa baiskeli. Kazi hiyo ilionyesha kwamba mtu anaweza kuachana na bunduki akipewa kitu cha kumpatia chakula, na akikabidhi kwa mtu anayemwamini. Lakini mpango wa aina hii una hatari yake. Anayelipwa kwa bunduki mbovu anaweza kununua nyingine nzima. Na kijiji kimoja kikitoa silaha peke yake, jirani yake hubaki na nguvu zote.

Kwa hiyo mambo matatu yanafaa kwenda pamoja. Pande zote mbili zitoe siku moja, mbele ya mashahidi wa pande zote. Risasi na magazini zihesabiwe pamoja na bunduki, kwa maana aliyetoa bunduki moja akaficha risasi 200 hajatoa kitu. Na silaha ziharibiwe hadharani, watu waone kwa macho yao. Kenya ilifanya hivyo Novemba 2016, ilipochoma zaidi ya bunduki 5,000 huko Ngong. Silaha iliyokusanywa ikafungiwa ghalani inaweza kurudi mtaani kupitia dirishani.

Nchi yetu ina tume ya taifa inayoshughulikia silaha ndogo, na tangu Julai 2021 ina mpango wa P-DDRCS wa kuwapokonya wapiganaji silaha na kuwarudisha katika maisha ya kiraia. MONUSCO ilifunga kazi yake Tanganyika katikati ya mwaka 2022, kwa hiyo wanaokumbuka kupeleka wapiganaji kwenye ofisi zake za Kalemie wajue njia hiyo haiko tena. Njia sasa ni ya serikali, ikisindikizwa na makanisa, misikiti na mashirika.

MAMBO YA KUFANYA

Kwa familia:
- Ukiona risasi, bomu au bunduki shambani au njiani, usiiguse na usimtume mtoto. Weka alama mbali kidogo, zuia watu, toa habari kwa chifu au kiongozi wa kambi.
- Usiwaache watoto wacheze na maganda ya risasi wala magazini tupu. Askari akiikuta nyumbani swali lake la kwanza litakuwa: bunduki iko wapi?
- Usikubali kumhifadhia mtu mfuko usiojua kilicho ndani, hata akiwa shemeji.

Kwa viongozi:
- Msibebe silaha ya mtu mkononi kuipeleka kambi ya askari. Mwombeni msimamizi wa teritwari au P-DDRCS waje kuipokea, na awepo shahidi kama mchungaji, padri au imamu.
- Dai karatasi yenye sahihi: aina ya silaha, namba yake, idadi ya magazini na ya risasi.
- Msitaje hadharani jina la aliyetoa silaha. Aliyeaibishwa hatamshauri mwenzake kutoa.

MASWALI TUNAYOULIZWA

Mume wangu alikufa na aliacha bunduki imefukiwa nyuma ya nyumba kijijini. Nikisema, je, nitafungwa?

Mama, usiifukue na usiiuze. Ongea kwanza kwa siri na mtu unayemwamini, kama mchungaji wako au shirika linalotoa msaada wa sheria, aende kwa wakubwa kwa niaba yako kabla silaha haijasogezwa. Anayejitokeza mwenyewe ana utetezi ambao aliyekamatwa hana.

Vijana wanaolinda kijiji wanasema wakitoa risasi hatutaweza kurudi. Ni kweli?

Wanayo sababu ya kuogopa. Lakini angalieni pia upande wa pili: jirani anayewaona vijana wenu na magazini kiunoni naye hawezi kurudi. Kila upande umeshika mlango wa mwenzake. Ombeni doria ya polisi au jeshi iwekwe kabla ya siku ya kukabidhi, si baada yake.

KWA MAZUNGUMZO KATIKA KIKUNDI

1. Katika kijiji chetu, ugomvi ukianza leo, wazee wana muda gani wa kuingilia kati kabla ya damu kumwagika? Ni nini kinachoupunguza muda huo?
2. Ni nani ambaye Waluba na Watwa wa eneo letu wote wanamwamini kushika daftari la silaha zilizotolewa?
3. Tunahitaji kuona nini kwa macho yetu ili tukubali kuweka chini siku moja na majirani zetu?

Someni makala hii kwa sauti kwa wasiojua kusoma, na mwape nafasi ya kusema wakina mama na vijana kabla ya wazee. Mungu awalinde, na awafikishe nyumbani salama.